Maneno Chini ya Picha: Kisa cha Cy Grant

Mwaka 1943 gazeti la chama cha Nazi, Völkischer Beobachter, lilichapa picha ya kijana mweusi aliyevaa sare ya Jeshi la Anga la Uingereza (RAF). Ndege yake ilikuwa imetunguliwa, yeye mwenyewe ametekwa, na sasa alikuwa akionyeshwa wasomaji wa Kijerumani kama kioja. Jina lake halikuwekwa. Maelezo chini ya picha yalisema tu kwamba huyu ni mwanajeshi wa RAF wa mbari isiyotambulika.

Jina alikuwa nalo. Aliitwa Cyril Ewart Lionel Grant, mtoto wa mchungaji, na kazi yake ilikuwa kuongoza njia ndani ya Lancaster, ndege ya kudondosha mabomu. Miaka 14 baadaye uso uleule ulikuwa ukiingia sebuleni kwa Waingereza jioni baada ya jioni, chini ya jina fupi la Cy Grant, na gitaa mkononi. Leo ukiwauliza Waingereza wengi walio chini ya miaka 60 kama wanamjua, watatikisa kichwa. Ukiwaambia kwamba ndiye sauti ya Luteni Green katika Captain Scarlet, tamthilia ya televisheni ya vikaragosi, baadhi yao watatabasamu, maana sauti hiyo waliisikia wakiwa watoto.

Kisa hiki kimenishika kwa muda mrefu kwa sababu hakifanani na visa tulivyozoea vya msanii aliyekosa bahati. Grant hakukosa bahati. Alipata nafasi ambayo hakuna mweusi mwenzake aliyewahi kuipata kwa kiwango kile, akaishika, kisha akaiacha kwa hiari. Ninapofuatilia maisha yake naona jambo moja likijirudia tangu lile gazeti la Kijerumani: kila alipoonyeshwa, maneno ya chini ya picha yaliandikwa na mtu mwingine. Kazi yake yote ya televisheni naisoma kama mvutano juu ya kalamu hiyo.

Kabla ya gitaa

Alizaliwa tarehe 8 Novemba 1919 katika kijiji cha Beterverwagting, Demerara, kwenye koloni la Guiana ya Kiingereza, nchi ambayo leo ni Guyana. Baba alikuwa mchungaji wa kanisa la Moravian, mama alikuwa mwalimu wa muziki. Alipomaliza shule alifanya ukarani katika ofisi ya hakimu, na alitamani kusomea sheria, lakini masomo hayo yalikuwa ng'ambo na fedha hazikuwapo.

Vita ndivyo vilivyomvusha bahari. Uingereza ilikuwa imepoteza wana-anga wengi, na jeshi lake la anga likafungua mlango ambao kabla ya vita ulikuwa umefungwa kwa watu wa rangi. Grant alijiunga mwaka 1941. Alianza na mafunzo ya urubani, kisha akahamishiwa kwenye kazi ya navigeta, yule anayekaa na ramani, saa na rula, akipiga hesabu za upepo na mwendo ili rubani ajue wapi pa kuelekea gizani. Ni kazi ya kichwa kilichotulia. Alipewa uofisa na kupangiwa Skwadroni ya 103 huko Elsham Wolds.

Usiku wa tarehe 25 Juni 1943 waliruka kwenda kushambulia mji wa Gelsenkirchen, Ujerumani. Wakati wa kurudi ndege yao ilishika moto juu ya Uholanzi na kuanguka Nieuw-Vennep. Grant alishuka kwa parachuti, akajificha, akakamatwa. Akakaa mateka miaka miwili, sehemu kubwa katika kambi ya Stalag Luft III iliyokuwa Sagan, ile kambi ambayo mateka wenzake walichimba handaki la kutorokea mwaka 1944. Aliachiwa mwaka 1945 akiwa na azimio lilelile la zamani: sheria. Alisoma Middle Temple, chuo cha mawakili cha London, na mwaka 1950 akaidhinishwa kuwa wakili.

Sasa tumtazame mtu huyu alivyokuwa mwaka huo. Ana miaka 31. Ni ofisa wa jeshi aliyepigania taji la Uingereza, ametunguliwa kwa ajili yake, ana sifa za uwakili kutoka chuo kinachoheshimika, anazungumza Kiingereza safi kuliko wenyeji wengi. Akaanza kutafuta ofisi ya mawakili itakayompokea. Hakupata. Kazi hazikuja, na alihitaji kula. Hapo ndipo alipogeukia jukwaa, mwanzoni kama shughuli ya kujishikiza.

Hili nalisisitiza kwa sababu waandishi wengi waliomgusa Grant huanza na kalipso, nyimbo za Karibi za kusimulia na kukejeli, kana kwamba alitelemka melini akiimba. Hakutelemka akiimba. Uimbaji ulikuwa kazi ya tatu, baada ya mbili za kwanza, jeshi na sheria, ambazo alizifanyia kila alichotakiwa na bado hazikumpa riziki.

Usaili kwa Olivier, na chifu wa Kimaasai

Mwaka 1951 alifaulu usaili wa kundi la Laurence Olivier lililokuwa likiandaa michezo miwili ya Kleopatra kwa ajili ya sherehe za Tamasha la Uingereza, mmoja wa Shakespeare na mwingine wa Shaw. Waliigiza ukumbi wa St James's, London, kisha wakavuka hadi New York. Kwa mgeni katika fani ulikuwa mwanzo wa fahari. Lakini baada ya hapo palikuwa pakavu. Michezo ya Uingereza ya miaka ile ilikuwa na nafasi chache mno kwa mwigizaji mweusi, na nyingi kati ya hizo chache zilikuwa za kubeba mkuki au sinia.

Akachukua gitaa. Nyimbo za Karibi alizikuta nyumbani tangu utotoni, sauti yake ilikuwa nzito na laini, na vilabu vya usiku vya London vilimlipa. Sinema nazo zilimwita mara mojamoja. Mwaka 1956 alikuwamo katika filamu iitwayo Safari, ya Victor Mature na Janet Leigh, iliyohusu Kenya ya wakati wa Mau Mau na ambayo baadhi ya picha zake zilipigwa Kenya kwenyewe. Humo Grant aliigiza chifu wa Kimaasai. Msomaji wa Afrika Mashariki atasimama hapo kidogo. Wamaasai wenyewe hawakuwa na machifu wa namna ile ya sinema. Wakenya walikuwa vizuizini kwa maelfu. Na aliyeombwa kuwakilisha sura ya nchi hiyo alikuwa wakili kutoka Demerara, ambaye naye alikuwa raia wa koloni. Kwa watengeneza filamu, ngozi ilitosha kuwa kitambulisho.

Novemba 1956 alishiriki mchezo wa televisheni wa BBC, A Man from the Sun, kuhusu wahamiaji wa Karibi wakihangaika na maisha ya London. Humo walikuwamo waigizaji weusi wengi wazuri wa kizazi chake, akina Errol John na Nadia Cattouse. Ulikuwa mchezo wa maana, ukapita, na kila mmoja akarudi kusubiri simu.

Saa iliyokuwa tupu

Hadi mapema mwaka 1957 televisheni ya Uingereza ilikuwa na desturi ambayo leo ni vigumu kuiamini. Kati ya saa kumi na mbili na saa moja jioni matangazo yalizimwa, ili wazazi wapate kuwalaza watoto. Februari mwaka huo desturi ikafutwa, na BBC ikajikuta na saa nzima ya kujaza kila siku. Tarehe 18 Februari walianza kipindi cha Tonight, kikiongozwa na Cliff Michelmore: habari, mahojiano, vichekesho vyepesi, mambo ya mitaani, vyote mubashara, Jumatatu hadi Ijumaa. Watu walikuwa wakirudi kazini na kukikuta kikiendelea. Kikapendwa haraka.

Waandaaji walitaka namna mpya ya kutaja habari za siku, na kalipso ilikuwa midomoni mwa watu. Albamu ya Harry Belafonte ya mwaka 1956 ilikuwa imezagaa Marekani na Uingereza, kila redio ikitoa midundo ya visiwani. Wakamchukua Grant. Kazi yake: kuimba habari za siku kwa kalipso.

Inasemwa mara nyingi kwamba yeye ndiye mweusi wa kwanza kuonekana kwenye televisheni ya Uingereza. Kauli hiyo haiko sawa, na yeye haihitaji. Wacheza ngoma Buck na Bubbles, Wamarekani weusi, walikuwamo katika matangazo ya siku ya ufunguzi wa televisheni ya BBC, tarehe 2 Novemba 1936. Mpiga piano Winifred Atwell wa Trinidad alikuwa na kipindi chake mwaka 1956. Kilichokuwa kipya kwa Grant ni mazoea. Hao wengine walikuja kama watumbuizaji. Yeye aliingia katika kipindi cha habari na mambo ya kila siku, wiki baada ya wiki, mpaka familia ambayo haijawahi kusemezana na mtu mweusi ikawa inamtaja kwa jina kwenye chakula cha jioni. Kwa Uingereza ya mwaka 1957 hilo ni jambo kubwa, na nisingependa uchambuzi wangu ulipunguze.

Ila hebu tuangalie kazi ilivyokuwa ndani yake. Kule Trinidad mwimba kalipso ni mtunzi. Yeye ndiye anayechagua nani wa kuchomwa mwaka huu: gavana, tajiri, mume mlevi, mwimbaji mwenzake. Silaha yake ni ulimi wake, na serikali ya kikoloni iliijua silaha hiyo vizuri, ndiyo maana mwaka 1934 ikatunga sheria ya kumbi za maonyesho iliyowapa maofisa uwezo wa kukagua nyimbo kabla hazijaimbwa. Kalipso isiyo na jicho la mwimbaji mwenyewe ni kama shairi la kujibizana ambalo pande zote mbili zimeandikwa na mtu mmoja. Mdundo upo, bishano halipo.

Kwenye Tonight maneno mengi yalitoka kwa Bernard Levin, mwandishi wa habari Mwingereza, kijana mwerevu na mwenye kejeli kali. Grant aliyapokea, akayapanga kwenye mdundo, akayaimba kana kwamba yametoka kinywani mwake. Simlaumu Levin, alifanya kazi aliyopewa na aliifanya vizuri. Lakini matokeo yake ni kwamba mtazamaji alimwona mtu wa Karibi akitoa maoni juu ya mambo ya Uingereza, ilhali maoni yalikuwa ya Mwingereza. Uso, sauti na gitaa vilikuwa vya Grant. Jicho halikuwa lake.

Na miaka ile ilikuwa na mambo ya kutazamwa. Juni 1958 BBC hiyohiyo ilianza kuonyesha The Black and White Minstrel Show, ambamo waimbaji wazungu walijipaka rangi nyeusi usoni na kuimba kwa tabasamu pana. Mwisho wa Agosti mwaka huohuo vijana wazungu waliwavamia wakazi weusi wa Notting Hill, vurugu zikaendelea siku kadhaa. Mei 1959 fundi seremala Kelso Cochrane, mzaliwa wa Antigua, alichomwa kisu akauawa barabarani karibu na hapohapo. Kwa hiyo mtazamaji wa BBC angeweza, ndani ya wiki moja, kumwona mweusi wa kweli akiimba habari alizoandikiwa na mzungu, na wazungu wakijifanya weusi. Kipindi cha hao waliojipaka rangi kilidumu hadi 1978. Grant alikaa Tonight miaka miwili na nusu tu.

Aliondoka, na ilimgharimu nini

Aliondoka kwa sababu aliona watu wamemkariri. Popote alipokwenda alikuwa yule mwimba kalipso wa jioni. Alikuwa mwigizaji, na waongozaji walipomfikiria walifikiria gitaa.

Nimewahi kubishana na rafiki yangu, mtayarishaji wa vipindi vya redio, juu ya uamuzi huu. Yeye anasema Grant alikosea: mtu haachi jukwaa la mamilioni, angebaki, angejipenyeza, mwisho angepewa kipaza sauti cha utangazaji. Hoja yake ina uzito, kwa sababu Tonight kweli ilikuwa kiwanda cha majina. Alan Whicker alitoka humo akawa mwandishi msafiri maarufu kuliko wote Uingereza. Fyfe Robertson naye vilevile.

Lakini mimi nauliza swali la kinyume. Kwa nini Grant hakuwa upande wa Whicker tangu siku ya kwanza? Tazama sifa zake: ofisa aliyeona vita, wakili aliyefunzwa kuhoji shahidi, msemaji fasaha, uso unaopendwa na kamera. Kama kuna mtu katika jengo lile aliyeumbwa kuwa mwandishi wa habari wa televisheni, ni yeye. Alipewa gitaa kwa sababu gitaa ndilo lililokubalika mikononi mwake. Mweusi wa kwanza kuonekana mara kwa mara kama ripota kwenye televisheni ya Uingereza, Barbara Blake, mzaliwa wa Jamaika, alianza mwaka 1968 katika kituo cha Thames. Trevor McDonald, naye mtangazaji mweusi, alijiunga na shirika la habari za televisheni la ITN mwaka 1973. Grant angebaki akijipenyeza, angesubiri zaidi ya miaka kumi, akiimba. Rafiki yangu bado hakubaliani nami.

Kilichofuata kinaonyesha kwamba tatizo halikuwa kipindi kimoja. Agosti 1964, katika ukumbi wa Theatre Royal mjini Nottingham, ulifunguliwa mchezo wa muziki wa Anthony Newley na Leslie Bricusse, The Roar of the Greasepaint, The Smell of the Crowd. Ndani yake kuna wimbo wa Feeling Good. Karibu kila mtu anaujua kwa sauti ya Nina Simone, aliyeurekodi mwaka uliofuata. Aliyeuimba kwanza jukwaani ni Cy Grant. Mchezo haukufika kumbi kubwa za London, ukahamia Marekani na waigizaji wengine, na sifa ya wimbo ikaenda nao. Lakini kinachonigusa mimi ni orodha ya wahusika. Mhusika aliyeimba wimbo ule hakuwa na jina. Aliandikwa tu kwa rangi yake: Mweusi. Miaka 21 baada ya gazeti la Ujerumani, na kwa watu wenye nia njema kabisa.

Mwaka 1965 aliigiza Othello katika ukumbi wa Phoenix, Leicester. Mweusi kumwigiza Othello Uingereza wakati ule hakukuwa jambo la kawaida. Othello aliyekuwa akizungumzwa nchi nzima alikuwa Laurence Olivier, yuleyule aliyemwajiri Grant mwaka 1951, akiwa amejipaka weusi mwili mzima, kwanza jukwaani 1964 na kisha kwenye filamu mwaka huohuo wa 1965. Filamu ipo hadi leo. Ya Leicester waliiona waliokuwamo ukumbini.

Luteni Green

Huko Slough, kwenye eneo la viwanda nje ya London, Gerry na Sylvia Anderson walikuwa wakitengeneza tamthilia za vikaragosi kwa ustadi ambao haujapata mfano. Mwaka 1967 walileta Captain Scarlet and the Mysterons, vipindi 32, hadithi ya mwaka 2068 ambapo shirika la ulinzi liitwalo Spectrum linapambana na adui asiyeonekana kutoka sayari ya Mars. Safari hii vikaragosi vilipewa viungo vyenye uwiano wa binadamu kamili, si vichwa vikubwa kama zamani. Kila ofisa wa Spectrum anaitwa kwa rangi. Mkuu ni Kanali White. Msaidizi wake, anayekaa mbele ya kompyuta kuu angani, anayepokea na kutuma amri zote, ni Luteni Green, mtu wa Trinidad. Sauti yake ni Cy Grant.

Nimevitazama vipindi hivyo mara kadhaa kwa ajili ya makala haya, na ninaposikiliza sauti ile nasikia kitu ambacho naamini hakikuruhusiwa mahali pengine. Green haimbi habari za watu na haombi huruma ya mtu yeyote. Anatoa taarifa kwa utulivu, anajua kazi yake, wenzake wanamtegemea, na hakuna anayetaja rangi ya ngozi yake. Ni navigeta. Amekaa na vyombo vyake akiwaelekeza marubani gizani, kazi ileile aliyoifanya Grant mwenyewe mwaka 1943. Sijui kama waandishi wa tamthilia hiyo waliifikiria historia yake walipompa nafasi, ila imekaa kama nguo iliyokatwa kwa kipimo.

Hadhi hiyo aliipata uso wake ukiwa umeondolewa. Televisheni ya Uingereza ilimwonyesha kwa uso pale alipokuwa na gitaa na maneno ya kuandikiwa. Ilipompa kiti cha amri, aliyekaa kwenye kiti alikuwa kikaragosi. Grant mwenyewe hakuidharau kazi hiyo. Aliipenda, akaitafakari kwa undani, na baadaye akaeleza kwamba aliiona kama fumbo la kidini: Kanali White ndiye Mungu, Scarlet anayekufa na kufufuka ndiye Mwana, Kapteni Black aliyeasi ndiye Shetani, na kituo cha angani ndiyo mbingu.

Hapa pia ndipo penye jibu la kwa nini anakumbukwa alivyokumbukwa. Tonight ilirushwa mubashara, ikayeyuka hewani. Mengi ya yaliyorushwa moja kwa moja miaka ile hayakuhifadhiwa. Captain Scarlet ilipigwa kwenye filamu, ikauzwa nchi nyingi, ikarudiwa miaka nenda rudi, na mwaka 1993 BBC Two iliirusha tena ikapata kizazi kipya. Uso ulioonekana na mamilioni ukafutika. Sauti isiyo na uso ikabaki. Kusahaulika kwa msanii mara nyingi huanzia kwenye bajeti ya kutunza kanda.

Mwaka huohuo wa 1967 mwenzake mmoja aliwasili Dar es Salaam. Ulric Cross wa Trinidad alikuwa navigeta wa RAF kama Grant, na baada ya vita alisomea sheria London kama Grant. Yeye alikwenda Afrika iliyokuwa ikijikomboa, na tangu 1967 hadi 1971 alikuwa jaji wa Mahakama Kuu ya Tanzania. Huwa naviweka visa hivi viwili mezani pamoja. Sitaki kusema kwamba mmoja alifanikiwa na mwingine hakufanikiwa, maana usanii wa Grant una thamani yake. Nasema tu kwamba kwa elimu ileile na kazi ileile ya vita, nchi mpya ya Kiafrika ilimpa Mkaribi joho la jaji, wakati London ilikuwa bado inatafuta pa kumweka Grant.

Kuandika mwenyewe

Kuanzia miaka ya 1970 Grant anaacha kusubiri simu. Mwaka 1974, pamoja na Mzimbabwe John Mapondera, alianzisha Drum Arts Centre mjini London, kwa lengo la kuwa na mahali ambapo wasanii weusi watafunzwa, wataandika na kuonyesha kazi zao wenyewe. Walifanya warsha na maonyesho, lakini jengo la kudumu walilolitamani halikupatikana, na mwaka 1978 aliondoka. Miaka ya 1980 aliongoza tamasha za Concord katika miji mbalimbali ya Uingereza.

Kazi ya jukwaani ninayoiona kuwa kilele chake haina uhusiano na kamera. Mwaka 1977 alisimama peke yake na kuigiza kwa Kiingereza utenzi wa Aimé Césaire wa Martinique kuhusu kurudi katika nchi ya kuzaliwa, kisha akazunguka nao nchini kwa miaka miwili. Maneno hayo nayo yalikuwa ya mtu mwingine, ila ni yeye aliyeyachagua, na yanasema wazi yale ambayo kalipso za Levin zisingeweza kuyasema: utumwa, aibu ya kujikana, na mtu mweusi anayesimama kwa miguu yake. Aliyeimba kila jioni akiwa na mamilioni ya watazamaji alijipata mbele ya watu mia chache. Nadhani alijua tofauti hiyo na aliikubali.

Mwaka 2006 alitoa kumbukumbu zake za vita. Kichwa cha kitabu alikitoa kwenye lile gazeti la 1943, neno kwa neno: mwanajeshi wa RAF wa mbari isiyotambulika. Safari hii jina la mwandishi lilikuwa pale juu, kwa herufi zinazosomeka.

Usiku ule Lancaster ilipoanguka Nieuw-Vennep, mvulana wa Kiholanzi wa miaka 11, Joost Klootwijk, aliishuhudia. Hakuisahau. Alipokuwa mtu mzima alitumia miaka akitafuta ndege ile ilikuwa ya nani na waliokuwamo walikwenda wapi, mpaka akampata Grant. Kutokana na ujuano huo, Grant na Hans, mtoto wa Joost, walijenga kwenye intaneti kumbukumbu ya wana-anga wa Karibi waliotumika katika RAF. Mpaka anafariki London tarehe 13 Februari 2010, akiwa na miaka 90, alikuwa bado akiijazia. Watu walitafuta kwenye makabati ya bibi na babu zao, wakatuma picha za vijana weusi wenye sare, na chini ya kila picha pakawekwa jina kamili, mahali alipozaliwa, cheo chake na kikosi chake.